Mguu Ulionitangulia

Kidonda changu kilifunga nikiwa msichana, kikafunguka nikiwa bibi. Katikati hapo niliolewa, nikazaa, nikalima, nikacheza ngoma kwenye harusi za nusu ya kijiji cha Mbekenyera, na mguu ule ule ukanibeba bila kulalamika. Kwa hiyo ulipoanza kuuma, katikati ya miaka ya tisini, sikuushuku. Nilidhani ni uchovu wa palizi.

Naandika haya kwa ajili ya mtu aliyekaa kwenye benchi la hospitali, ameshaambiwa kwamba kiungo chake kimoja lazima kiondoke. Mimi nimekaa pale. Sitakueleza habari za wadudu wanaokula mfupa, maana daktari atakueleza na wewe hutasikia, kama mimi ambavyo sikusikia. Niliona midomo yake inacheza na nikawa natazama kifungo cha koti lake kilichoning'inia. Nitakueleza yale mengine, ambayo hakuna aliyenieleza.

Kwanza ujue kidonda kilitoka wapi. Mimi ni Mmakua wa ng'ambo ya Ruvuma. Wakati nchi yetu inapigania uhuru nilivuka mto na wasichana wenzangu, tukafika kambini nje ya Nachingwea, kwenye yale mashamba ya zamani ya karanga yaliyoachwa na Waingereza. Wengine walifundishwa bunduki. Mimi nilikuwa na mabega mapana, wakaniweka kwa wabebaji. Tulipeleka risasi na unga kusini kichwani, na tuliporudi tuliwabeba majeruhi kwa machela, yaani gunia au blanketi lililofungwa kwenye miti miwili. Gari lilitusubiri upande huu wa mto, siku ambazo halikuharibika. Kabla ya hapo ilikuwa ni miguu yetu tu, siku baada ya siku.

Kambini tulikuwa na dresa mmoja mfupi, mpole, tuliyemwita Baba Mateusi. Alichemsha bandeji zilizotumika kwenye debe, akazianika juu ya vichaka, na ukitazama kwa mbali ungedhani pale kuna nyumba yenye watoto wachanga wengi. Vidonda alivisafisha kwa maji ya chumvi. Mifupa iliyovunjika aliifunga kwa magome ya miti. Dawa ya maumivu ilikuwepo, ila siku zote iliisha kabla ya maumivu. Huko njiani sisi wabebaji hatukuwa hata na hiyo.

Kwa hiyo tulikuwa na namna yetu, na hatukufundishwa na dresa wala kamanda. Niliikuta kwa dada zangu walionitangulia, wao waliikuta kwa wengine. Mtu aliyepoteza damu hutaka kulala, na akilala sana hazinduki. Basi mbebaji wa nyuma alikuwa na kazi ya kumtembeza majeruhi. Unamwambia: unatoka shambani kwenu, jua limepinda, unarudi nyumbani, umefika wapi? Naye anasema nimefika kwenye gogo la kuvukia. Unamuuliza kuna nini hapo. Anasema kuna mbuzi wa shangazi amenasa kamba. Mfungue basi. Nimemfungua. Haya, umefika wapi? Hivyo hivyo, sisi tunapita porini na yeye anapita kwao.

Sharti lilikuwa moja. Usimwache afike. Akishakaribia uani, akianza kusema anaona moshi wa jikoni kwa mama yake, unamwambia, "Rudi, umesahau jembe." Hapo wengi walikasirika. Walitutukana matusi mazito, na sisi tulifurahi, maana mwenye hasira yupo. Lakini wako tuliowasahau kidogo kwa uchovu, wakaingia ndani, wakakaa, wakasema wamekaribishwa maji. Hao tuliwashusha tukawazika palepale. Sijui kama ile ilikuwa tiba. Najua tu kwamba wale waliofika sikuwahi kuwasikia tena.

Siku yangu ilipofika, mwenzangu wa mbele alikanyaga bomu lililofukiwa njiani. Yeye hakuhitaji kubebwa. Mimi nilibebwa, na waliniuliza nimefika wapi mpaka nikawatukana mama zao. Baba Mateusi alitoa chuma kwenye muundi wangu kwa koleo, kipande baada ya kipande, akasema kimoja kidogo kimekataa kutoka, tukiache, kitazoea. Kilizoea. Kidonda kikafunga, kikabaki kovu refu la kung'aa. Uhuru ukapatikana, wenzangu wakarudi kusini wakiimba. Mimi nilikuwa nimeshakutana na Hamisi, kijana wa Kimwera aliyekuwa akileta mihogo kambini kwa baiskeli, na aliponipandisha nyuma ya baiskeli ile sikushuka hadi Mbekenyera.

Sasa ruka miaka ishirini na zaidi. Binti yetu mkubwa, Somoe, ana mtoto wake. Mikorosho ya Hamisi imezeeka. Kovu langu linaanza kuwa la moto, halafu jekundu, halafu siku moja nikiwa napepeta ufuta nikaona unyevu unatiririka kifundoni. Palikuwa pametokea kitundu kidogo, unaweza kukiziba kwa punje ya hindi. Nilikigusa, nikanusa kidole. Harufu ile niliijua vizuri sana, nikakaa chini juu ya ufuta wangu.

Nilijitibu kama nilivyoona tukitibiwa. Maji ya chumvi, kitambaa kilichochemshwa, kuanika kichakani nyuma ya choo pasipoonekana. Vipande vya mfupa vilianza kutoka vyenyewe, vyembamba, vyeupe. Nilivikusanya kwenye kopo halafu nikaogopa kulitazama lile kopo. Kwenye misiba na harusi nilikaa upande ambao upepo unaelekea, mbali na watu. Mjukuu wangu alikuwa akipanda mapajani, anakunja uso, anateremka. Mtoto hana adabu ya kudanganya, na hilo liliniuma kuliko mguu.

Hamisi naye kila jioni alianza kuchoma ubani chumbani mwetu, yeye ambaye alikuwa mbahili wa ubani hata siku za maulidi. Nilipomuuliza akasema ni kwa ajili ya mbu. Hakuna mbu Mbekenyera anayejali ubani. Nilimshukuru moyoni na sikumwambia, na mpaka leo naona ile ilikuwa huruma kubwa kuliko zote nilizopata katika ugonjwa ule.

Mwishowe Somoe alinivuta kwa nguvu hadi hospitali ya Nachingwea. Nilichomwa sindano za kwanza wakati watu wanapuliza mikorosho dawa ya salfa, na nikirudi nyumbani nguo zote kwenye kamba zilikuwa na vumbi la njano. Za pili nilichomwa korosho zikiwa zinadondoka. Kila mara kitundu kilifunga, tukashangilia, na kila mara kilifunguka pembeni kidogo. Hivyo ndivyo nilivyohesabu miaka ile. Watu wengine husema mwaka fulani tulivuna vizuri. Mimi nasema ulikuwa mwaka wa sindano za paja, au mwaka wa vidonge vikubwa vya kutapisha.

Benchi la kungojea lile nililijua kama kitanda changu. Mmoja akiitwa ndani, wote mnasogea, na unakalia joto aliloacha mwenzako. Mwanzo nilichukia. Baadaye nikaona ni salamu. Sikuwahi kujua majina ya watu wengi pale, lakini niliwajua kwa joto lao na kwa vikohozi vyao. Tulikuwa tukisinzia, vichwa vinaangukiana mabegani, na hakuna aliyeomba radhi. Ukikaa pale jua likiwa linasogea sakafuni taratibu, unaanza kuona kama ndani ya chumba kile cha daktari hakuna daktari, kuna mlango mwingine tu, na benchi lingine, na watu wale wale. Wewe usiogope ukianza kuona hivyo. Kula kitu.

Nyumbani maneno yalikuwa yameanza. Kule kwetu ng'ambo vita ya pili, ile ya wenyewe kwa wenyewe baada ya uhuru, ilikuwa imekwisha, amani imerudi, na Wamakua na Wamakonde wengi waliokimbilia huku walikuwa wanafunga mizigo. Wifi yangu Bi Tabia, dada mkubwa wa Hamisi, mwanamke wa maneno machache na yote makali, alikuja akakaa kwenye kinu akanitazama mguu.

"Hawa ni watu wako," alisema. "Wale uliowabeba wakafia njiani. Umewaacha huko porini, wewe huku unakula korosho. Wanakuita."

"Wanaita mguu mmoja tu, wifi?"

"Wameanza na mguu." Akamgeukia Hamisi. "Mpeleke kwao akatoe sadaka. Akipona, sawa. Asipopona atakuwa amelala kwa wenyewe. Usije ukaambiwa umemzika mtoto wa watu ugenini."

Hamisi alikuwa anashona mkeka na aliendelea kuushona. Mimi nilicheka, lakini nilimwona mume wangu hacheki.

Halafu zikaja mvua ambazo kila mtu wa kusini anazikumbuka, zilizofanya barabara kuwa mto na mito kuwa bahari. Mguu ulivimba hadi kwenye paja na homa ikanipanda. Hakuna gari lililofika Mbekenyera. Hamisi aliwaita vijana wa jirani, wakageuza kitanda cha kamba, wakafunga miti, wakanilaza juu yake na turubai juu yangu, tukaanza safari ya kwenda kulitafuta gari upande wa Ruangwa.

Nataka kukueleza safari ile kama nilivyoiona mimi, ingawa najua sikuiona sawasawa. Mvua iligonga turubai na mimi chini yake nilikuwa mkavu, na dunia ilikuwa ya kijani na inayumba. Nilisikia miguu ya vijana ikichomoka kwenye tope. Niliijua sauti ile. Nilidhani ni mimi ninayebeba, na nikashangaa mbona mabega hayaniumi. Nikamsikiliza mbebaji wa nyuma aulize. Hakuuliza. Nikangoja sana. Basi nikaanza mwenyewe, kwa sauti, maana lazima mtu atembezwe.

Nilitoka shambani kwa mama yangu, ng'ambo. Nikapita kwenye mawe meusi tuliyokuwa tukianikia mihogo. Nikapita kwenye mti wa nyuki. Nilikuwa na miguu miwili mizuri na vumbi la njia lilikuwa la uvuguvugu. Nikasema nimefika kwenye kisima, nimefika kwa mjomba, naona ua wa nyumbani, mama amekaa mlangoni anachagua mbaazi. Nikasubiri niambiwe nimesahau jembe.

Hamisi alikuwa anatembea pembeni ya kichwa changu, ameshika turubai lisipeperuke. Alinisikia yote. Akainama, akaniambia kwa upole ambao sijawahi kuusikia kwake hata siku ya arusi yetu, "Fika, Mama Somoe. Ingia ndani ukapumzike. Umechoka."

Nilipiga kelele. Wanasema nusura vijana wanitupe. Nilisema siingii, siingii, wewe mtu gani usiyejua kazi, nikamtukana kwa Kimakua, nikajaribu kuteremka kitandani. Mama alikuwa ameshanyanyuka mlangoni na kata ya maji mkononi. Nikageuka nyuma nikakimbia njia yote mpaka shambani, nikaanza upya. Nilifanya hivyo mara nyingi, peke yangu, hadi niliposikia injini ya lori na harufu ya dizeli, na sikuwahi kusikia harufu nzuri kama ile.

Nachingwea nililazwa. Homa iliposhuka kidogo daktari alikuja, yule wa kifungo, akasema dawa haziingii tena kwenye mfupa, na sumu imeanza kuingia kwenye damu. Mguu ukatwe juu ya goti, na usicheleweshwe. Nilimwambia hapana. Nilikuwa nimeshawaona waliokatwa, nimeshawashika mabega wakati wanakatwa. Nilijua shamba linataka nini kwa mwanamke. Daktari hakunigombeza. Alisema atarudi baadaye, akaenda kwenye kitanda kinachofuata.

Hamisi alikaa kwenye ukingo wa kitanda. Nguo zake zilikuwa bado na tope la safari. Akasema, "Sikukatazi. Nimefikiri. Mvua ikikatika nitakupeleka kwenu."

"Kwetu wapi?"

"Ng'ambo. Dada alisema na mimi nilikataa moyoni. Lakini njiani nimekusikia mwenyewe. Ulikuwa unakwenda kwa mama yako, umefurahi, sauti kama ya msichana. Nilipokwambia uingie ukanifukuza. Nikaelewa. Hutaki niwepo. Unataka kwenda peke yako kwa watu wako." Alikuwa anaongea akitazama mikono yake. "Miaka yote hii ukilala Mbekenyera, roho inalala kule. Sikulaumu. Mtu na kwao."

Nilimtazama mume wangu, na nikaona kwamba ningekufa kwa sababu ya adabu yake. Angenibeba hadi Ruvuma, angenivusha, angenikabidhi kwa watu ambao hata hawanikumbuki, na angerudi peke yake akiamini amenitendea haki. Hakuna kitu kingine kilichonitisha hivyo, hata msumeno.

Ndipo nikamweleza. Ajabu ni kwamba sikuwahi kumweleza. Vita nilimsimulia, bomu nilimsimulia, lakini ile kazi ya mbebaji wa nyuma sikuwahi kuitaja, kama ambavyo humwelezi mtu jinsi unavyopumua. Nilimweleza habari za jembe. Nilimweleza habari za wale walioingia ndani wakakaribishwa maji.

Alisikiliza hadi mwisho. Halafu akafunika uso kwa mikono. "Kwa hiyo mimi nilikuwa nakuua."

"Ulikuwa unanikaribisha, baba. Ila hukujua ni kwa nani."

"Na hao waliokatwa kule kwenu kambini. Walipona?"

Nilitaka kumdanganya, nikashindwa. "Waliokatwa mapema, wengi walipona," nilisema. "Waliokataa hakupona hata mmoja."

"Basi mimi nataka uishi," alisema Hamisi. "Shamba nitalima mimi. Maji nitateka mimi, wacheke. Sijui kusema vizuri. Nataka uishi."

Miaka yote ile hakuwahi kuniambia neno la namna hiyo. Nililia, mgonjwa wa kitanda cha jirani naye akalia, bila kujua habari ni nini. Daktari aliporudi nilimwambia akate.

Walinichoma sindano mgongoni, nusu yangu ya chini ikaondoka. Nilikuwa macho. Waliweka shuka katikati yangu, mimi upande huu na wao upande ule. Nesi mmoja kijana alikaa kichwani pangu kunipima pumzi. Nikamwomba, "Binti, niulize nimefika wapi. Kila mara. Usiache." Akadhani dawa imenipanda kichwani, lakini alikuwa mtoto mwenye heshima. Akaniuliza.

Nilijiandaa kwa njia ya ng'ambo, mawe meusi na mti wa nyuki. Nikafumba macho, na miguu yangu ikakanyaga njia nyingine. Nilikuwa natoka kwenye shamba letu la ufuta, bondeni, pale uchungu wa Somoe uliponishika, karibu nijifungulie mtaroni. Nikapita kwenye mikorosho ya Hamisi, yote imepukutika, majani makavu yanalia chini. Nikapita kisimani, kamba ya ndoo imekatika na wanawake wanalaumiana. "Umefika wapi, mama?" Nimefika msikitini, bati moja limeezuliwa na upepo. "Umefika wapi?" Nimefika kwa wifi yangu, anachuma kisamvu, hanisalimii. Nesi alicheka. Upande wa pili wa shuka nilisikia kazi ikiendelea, kama mtu anayepasua kuni nyumba ya pili, na haikunihusu.

Niliuona ua wetu. Niliona moshi wa ubani unafuka dirishani. Nesi hakujua la kusema, hakufundishwa, kwa hiyo nilijirudisha mwenyewe. Nimesahau jembe, nilimwambia. Nikarudi bondeni. Sijui nilirudi mara ngapi. Jua la kule lilikuwa halizami, na kila nilipopita kwa Bi Tabia alikuwa anachuma kisamvu kile kile.

Sasa wewe wa kwenye benchi, sikiliza. Siku utakayotazama pale mguu ulipokuwa, utaona kitanda, siyo mguu. Utaona shuka limelala tambarare pale ambapo palikuwa na mlima. Mtu asikwambie usilie. Vidole visivyokuwepo vitawasha. Mimi niligundua kwamba nikikuna vidole vya mguu mwingine, vile vinatulia. Nesi alinishangaa, lakini jaribu. Na utaota. Mimi nilikuwa naota mguu wangu unatembea wenyewe Mbekenyera, umevaa ndala, unapalilia, unapita kwa watu kuwaamkia, na watu wanauitikia. Mwanzo niliamka nikiwa na hofu. Baadaye nikawa nalala mapema nikautazame.

Kulikuwa na siku nyingine mbaya zaidi, na siwezi kuzipamba. Somoe aliponiogesha mara ya kwanza nilimpiga kofi kwa aibu, naye akaendelea kunimwagia maji, machozi yanamtoka. Nilikuwa najichukia. Nilikuwa namchukia kila apitaye dirishani kwa miguu miwili. Hayo yanapita, lakini yanapita polepole, kama joto la Novemba.

Hamisi hakuwepo siku zile za kwanza. Siku ya upasuaji aliwaomba manesi wampe mguu wangu, akauzike. Kwetu Waislamu kiungo hakitupwi. Shehe alikuwa ameshamwambia hakiswaliwi, kinafungwa kitambaa na kuzikwa kwa heshima. Akaufunga kwa shuka jeupe, akauweka kwenye tenga, akaupandisha lori hadi barabara ilipokatika, na kutoka hapo akaubeba kichwani mwenyewe kwenye mvua hadi Mbekenyera. Kila alipopumzika njiani, watu walimuuliza amebeba nini. Akasema amembeba mke wake.

Nilirudi nyumbani wakati wa kuvuna ufuta. Hamisi alikuwa amenichongea magongo mawili na kuyazungushia vitambaa vya kanga pale kwapani. Bi Tabia alikuja, akatazama palipo patupu kwa muda, akaweka chini sufuria ya ugali wa mtama na kisamvu cha nazi, akasema, "Kula, umekonda." Kwake hiyo ni hotuba ndefu. Maneno ya kunipeleka ng'ambo hayakusikika tena. Maji alichota Hamisi, ndoo kichwani, kata ya kanga chini yake, na wanaume wa msikitini walimcheka mpaka wakachoka. Mwenyewe aliwajibu kwamba ndoo haina jinsia.

Mwaka mmoja baadaye, nyama ya kisiki ikiwa imekomaa, nilimwomba Hamisi anipeleke nikaone alipouzika. Alisitasita. Alisema njia ni mbaya kwa magongo. Nikamwambia nimetembea njia mbaya kuliko hiyo kabla hajajua kuendesha baiskeli. Basi tukaenda asubuhi, taratibu, yeye nyuma yangu na mikono imenyooshwa nisije nikaanguka.

Makaburi ya ukoo wao yako kwenye mikorosho ya babu yao. Nilitegemea kukuta kijilima kidogo pembeni, kama cha mtoto mchanga. Alinipita, akaenda moja kwa moja hadi walipolala baba yake na mama yake, akasimama pembeni ya mama. Pale palikuwa na kaburi la mtu mzima, refu, limepangwa mawe kuzunguka.

"Hili la nani?" nilimuuliza.

"Lako."

"Hamisi, mguu mmoja?"

"Watu waliuliza hivyo hivyo. Shehe naye akauliza." Alikuwa anang'oa jani moja hapa, jingine pale, bila kunitazama. "Nimechimba lote mara moja. Mguu nimeuweka upande wake, huku chini, panapokaa miguu. Nikawaambia sehemu zilizobaki hazina haraka. Zitakuja zenyewe, hata zikichelewa miaka mingapi. Lakini zitajua pa kuja."

Nilisimama na magongo yangu nikitazama urefu wangu mwenyewe ardhini. Sikuogopa. Nilipendwa, na nilijua ninapendwa, na nilikuwa hai kwenye jua la asubuhi. Nikamwambia alichimba fupi, mimi ni mrefu kuliko hapo. Hamisi akapima kwa hatua, akakubali, akasema ataongeza.